Daraja la Q'eswachaka si la watu waliokosa la chuma

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya Jumapili kuhusu maisha ya milimani Andes niliisoma kwa raha mpaka nilipofika kwenye picha ya daraja la nyasi la Q'eswachaka, nchini Peru. Chini yake mmeandika kwamba wanavijiji hao "bado wanasubiri daraja la kisasa". Wanasubiri lipi? La chuma lipo jirani tu na hilo la nyasi, na magari yanapita.

Daraja lile la nyasi ni la jumuiya nne za Wakechua, wenyeji wa asili wa Andes: Huinchiri, Chaupibanda, Choccayhua na Ccollana Quehue. Kila Juni wanalijenga upya. Kila kaya huleta kamba yake nyembamba ya q'oya, nyasi ngumu za huko juu, ambazo hupondwa kwa mawe, zikalowekwa, ndipo zikasokotwa. Kamba hizo husukwa pamoja mpaka zinenepe kama paja la mtu. Nne zinakuwa sakafu, mbili za kushikilia. La zamani hukatwa likaangukia mto Apurímac, na mafundi huanza kusuka kutoka ng'ambo zote mbili hadi wakutane katikati, mita 28 hivi kwa jumla. Siku tatu kazi, ya nne ngoma.

Mimi nimelelewa na bibi aliyesokota kamba za makumbi. Akikuta umelegeza mahali, hakugombi; anafumua yote na kukurudishia mkononi. Kwa hiyo nikiona kamba ya mapaja yale najua pale pana ufundi, tena wa kusimamiwa kwa ukali.

Mwaka 2020 korona iliwazuia kulijenga upya. Machi 2021 likakatika, likaenda na mto. Juni ile ile wakalisimamisha tena, ingawa la chuma lilikuwepo wakati wote huo. Anayesubiri daraja hafanyi hivyo.

Kuna jambo jingine ambalo mwandishi wenu amelipita kimya. Wanaosokota zile kamba nyembamba ni wanawake, lakini mila inawataka wakae mbali na daraja linapojengwa; pale ni wanaume peke yao. UNESCO waliiingiza kazi hiyo kwenye orodha ya urithi mwaka 2013, na picha nyingi ninazoziona ni za wanaume wamekaa juu ya kamba. Mkirudia habari hii, wahojini wale waliokaa pembeni na nyasi mikononi.

Msomaji wenu,
Unguja