Barua ya malalamiko: masta ya chini ya klachi iliyovuja ndani ya siku nane

Tabata,
Dar es Salaam.
26 Agosti 2024

Meneja wa Huduma kwa Wateja,
Kampuni ya Vipuri vya Magari,
Dar es Salaam.

Ndugu Meneja,

YAH: KUKATALIWA KWA DHAMANA YA MASTA YA CHINI YA KLACHI YA TOYOTA HIACE ILIYONUNULIWA TAREHE 3 AGOSTI 2024

Ninakuandikia kupinga uamuzi uliotolewa na tawi lenu la Kariakoo tarehe 13 Agosti 2024, ambapo nilinyimwa haki ya kubadilishiwa masta ya chini ya klachi (silinda ndogo inayosukumwa na mafuta na kuachisha klachi pedali inapokanyagwa) iliyokuwa bado ndani ya dhamana, kwa sababu moja tu iliyoandikwa kwa kalamu nyuma ya risiti yangu: "Imefungwa nyumbani na asiye fundi." Lugha niliyosemeshwa pale kaunta nimeisamehe na sitaizungumzia tena. Ninachokikataa ni maneno hayo matano, kwa kuwa kifaa hakikuharibiwa na mfungaji. Kilikuwa kibovu tangu kikiwa ndani ya boksi lenu, na ninao ushahidi.

Jumamosi tarehe 3 Agosti nilifika dukani kwenu nikiwa na masta ya zamani mkononi, ambayo ilikuwa imeanza kuvuja baada ya kutumika miaka mingi. Muuzaji aliitazama, akaniwekea mbili mbele yangu: ya shilingi 30,000 aliyoiita kopi, na ya shilingi 68,000 aliyoiita orijino, akanishauri nichukue hiyo ya pili kwa sababu gari langu ni la kazi. Nilimsikiliza. Risiti ya EFD (mashine ya kodi) niliyopewa inaonyesha masta moja kwa shilingi 68,000, pamoja na chupa mbili za nusu lita za mafuta ya breki aina ya DOT 3, kila moja kwa shilingi 8,000, na chini yake pamegongwa mhuri wenu unaosema kwamba vipuri vina dhamana ya siku 90. Mhuri huo hausemi popote kwamba kifaa lazima kifungwe gereji. Kama sharti hilo lipo, nilistahili kulisikia wakati natoa fedha, si wakati narudisha bidhaa.

Kwa kuwa mmeihukumu kazi ya mikono yangu bila kuniuliza niliifanyaje, naomba uvumilie nikueleze. Ni kweli kwamba sina cheti cha ufundi. Niliyoyajua kuhusu magari nilifundishwa na marehemu mjomba wangu, aliyeendesha na kutengeneza lori lake mwenyewe kwa miaka mingi, na breki za gari hili nimezifanyia kazi mwenyewe tangu nilinunue. Yapo magari ambayo silinda hii imewekwa ndani, ikizunguka shafti ya gia boksi, na kuibadilisha kunataka gia boksi nzima ishushwe. Kazi hiyo nisingethubutu kuigusa nyumbani. Lakini kwenye HiAce yangu masta ya chini iko nje, ubavuni mwa gia boksi, imeshikwa na bolti mbili na bomba moja jembamba la mafuta, na mtu mwenye subira na spana sahihi huimaliza ndani ya saa mbili.

Niliifanya kazi hiyo Jumapili tarehe 4 Agosti asubuhi, gari likiwa kwenye sakafu ya saruji, limeinuliwa na kuwekwa juu ya stendi mbili za chuma, matairi ya nyuma yamezuiwa kwa magogo. Kwanza niliusafisha mwili wa masta ya zamani na maungio yake kwa brashi na kitambaa, kwa sababu chembe moja ya mchanga ikiingia kwenye bomba hufika kwenye mpira wa pistoni na kuukwaruza. Nati ya bomba niliilegeza kwa spana namba 10 ya aina inayoikumbatia nati karibu yote, kwani spana ya kawaida ya mdomo huvila vichwa vya nati hizi laini. Niliilegeza masta ikiwa bado imefungwa, ili isizunguke na kulipinda bomba, na ndipo nikafungua bolti mbili kwa spana namba 12. Mafuta yaliyodondoka niliyakinga kwenye beseni, na matone machache yaliyogusa rangi niliyaosha mara moja kwa maji, maana mafuta ya breki hubabua rangi ya gari.

Masta mpya niliitoa kwenye boksi siku hiyo hiyo, nikaizungusha nati ya bomba kwa vidole kwanza mpaka nyuzi zikakubali bila kulazimishwa, nikaihakikisha fimbo ya kusukuma imekaa kwenye kishimo chake cha foku ya klachi (mkono wa chuma unaoachisha klachi), kisha nikakaza bolti, na mwisho nikakaza nati ya bomba. Hakuna mtu aliyekanyaga pedali wakati masta ikiwa nje, kwa sababu pistoni isiyozuiwa na foku husukumwa na kutoka mahali pake. Ninalitaja hili kwa makusudi: ndilo kosa ambalo mtu asiyejua angelifanya, na dalili zake zingeonekana siku ile ile, si baada ya siku nane.

Kutoa upepo, yaani hewa iliyonaswa kwenye mafuta, tulisaidiana na kijana wangu. Nilivika mpira mwembamba unaoonyesha ndani kwenye nipo ya masta (skrubu yenye tundu la kutolea upepo), ncha ya pili nikaizamisha kwenye chupa yenye mafuta mapya, naye akawa akikanyaga pedali taratibu, anaishikilia chini, ninafungua nipo na kuifunga, ndipo ananyanyua mguu. Tulirudia mpaka mapovu yakaisha kabisa, huku kichupa cha juu nikikiongeza mafuta kila mara ili kisikauke na kuvuta hewa upya. Mafuta yalikuwa ya chupa yenu ya kwanza, ambayo lakiri yake niliikata mwenyewe asubuhi ile. Tulipomaliza, pedali ilikuwa ngumu inavyotakiwa, gia zote ziliingia injini ikiwa inaunguruma, hata ya nyuma ambayo ndiyo hukwaruza kwanza klachi isipoachia sawasawa, na chini ya masta palikuwa pakavu. Niliacha kipande cha boksi jeupe sakafuni usiku kucha. Asubuhi hakikuwa na doa.

Kwa wiki nzima gari lilifanya kazi yake ya kusambaza mikate kutoka Tabata hadi Kinyerezi. Alfajiri ya Jumatatu tarehe 12 Agosti nikaanza kuona pedali inashuka chini kuliko kawaida, na nilipofika kwenye taa za barabarani, nikiwa na mzigo kamili, pedali ilizama mpaka sakafuni na haikurudi. Gia haikutoka wala kuingia. Ilinibidi nizime injini, niweke gia ya kwanza, nisubiri taa ya kijani, na kuliwasha gari likiwa ndani ya gia ili lijivute kwa stata mpaka pembeni, huku magari ya nyuma yakinipigia honi. Nilipochungulia chini, mafuta yalikuwa yakichirizika kutoka ndani ya kofia ya mpira inayozuia vumbi kwenye mdomo wa masta. Bomba lilikuwa kavu, nati yake kavu, na nipo kavu. Mafuta yanayotokea kwenye kofia hiyo yana njia moja tu ya kufika pale, nayo ni kuupita mpira wa pistoni.

Niliileta masta kwenu siku hiyo hiyo, ikiwa haijafunguliwa. Mfanyakazi wenu aliigeuza mara mbili mkononi, akauliza gereji iliyoifunga, na aliposikia ni nyumbani akasema kwa hakika nimeacha upepo ndani, au nimetia mafuta yasiyo yake. Aliniambia nirudi kesho kwa jibu, na jibu la kesho ndilo hilo lililoandikwa nyuma ya risiti. Hoja zote mbili haziwezi kusimama. Upepo ukibaki kwenye bomba, pedali huwa laini tangu siku ya kwanza, kwa sababu hewa hubanwa na mafuta hayabanwi. Lakini upepo hautoboi mpira wala haumwagi mafuta nje. Kuhusu mafuta, ni kweli kwamba oili ya injini au ya hidroliki ikiingia kwenye mfumo huu huvimbisha mipira na kuiua. Lakini masta ya juu, ile inayosukumwa na pedali, na ya chini hunywa kutoka kichupa kimoja. Kama mafuta ndiyo yaliyoua mpira wa chini, wa juu ungeponaje? Masta ya juu haijavuja tone mpaka leo, pamoja na kwamba ni kongwe zaidi. Zaidi ya hapo, mafuta yenyewe mliniuzia ninyi, na yamo kwenye risiti ile ile.

Baada ya kukataliwa kwa maandishi, na si kabla, niliifungua masta hiyo jioni ya tarehe 14 Agosti, mbele ya fundi wa gereji ya jirani ambaye ana cheti cha VETA, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, na ambaye yuko tayari kuyathibitisha haya kwa maandishi. Picha nilizopiga nimeziambatisha. Kwenye ukuta wa ndani wa silinda, ambao hupaswa kuwa laini kama kioo, kuna mchirizi mmoja ulionyooka, unaoanzia kwenye tundu la kutolea upepo na kufuata njia ya pistoni. Ukipitisha ukucha, unanasa. Kwenye ukingo wa tundu hilo pamebaki kipande cha chuma kilichosimama kama mwiba, ambacho kilipaswa kusafishwa kiwandani baada ya kutobolewa. Mpira wa pistoni umechanika kwenye mstari huo huo, mahali pengine pote ni mzima, haujavimba wala kulainika. Tundu hilo la ndani halifikiwi na spana yoyote ya mfungaji, awe na cheti au asiwe nacho. Mwiba ule uliwekwa na aliyetengeneza, ukapita mikononi mwa aliyeuza, na mimi ni wa mwisho kuupokea.

Jambo la mwisho ndilo ninalotaka ulipime kwa uzito zaidi. Jioni hiyo hiyo nilifunga masta nyingine, niliyoinunua duka jingine, kwa mikono ile ile, spana zile zile, bomba lile lile, na mafuta ya chupa yenu ya pili. Leo ni siku ya 12, gari linafanya kazi kila alfajiri, na chini ya masta pako pakavu. Kilichobadilika ni kifaa tu.

Ninaomba mambo matatu. Kwanza, mnirejeshee shilingi 68,000 za masta, na shilingi 8,000 za chupa ya mafuta iliyomwagika kwa sababu yake. Pili, mnilipe shilingi 120,000 nilizokodia kirikuu (kigari kidogo cha mizigo) kwa siku tatu, tarehe 12, 13 na 14 Agosti, kwa shilingi 40,000 kwa siku, ili wateja wangu wasikose mikate. Stakabadhi za mwenye kirikuu nimeziambatisha. Jumla ni shilingi 196,000. Sidai gharama ya masta niliyonunua kwingine, kwa kuwa masta moja nzima ningepaswa kuilipia kwa vyovyote. Tatu, na hili si kwa faida yangu, zitoeni rafuni masta nyingine za shehena hiyo na mzikague ndani ya tundu kabla hazijauzwa, kwani nyingi ya HiAce za jiji hili hubeba abiria, na pedali inayozama kwenye mlima au kwenye makutano yenye watu ni hatari kwa wasiohusika na mauzo yenu. Ikibainika kwamba boksi la orijino limejazwa kitu kingine kabla ya kuwafikia, nanyi pia mtakuwa mmeibiwa, na nitashirikiana nanyi kumpata aliyewauzia.

Ningependa tulimalize jambo hili baina yetu. Nisipopata jibu la maandishi ifikapo Jumatatu tarehe 9 Septemba 2024, nitawasilisha barua hii na viambatisho vyake Tume ya Ushindani, chini ya Sheria ya Ushindani ya 2003 inayomlinda mlaji, na nitaomba ichunguzwe pia kama alama iliyo kwenye boksi ni ya kweli, kwa mujibu wa Sheria ya Alama za Bidhaa ya 1963.

Masta yenyewe, boksi lake na risiti halisi ninavyo nyumbani, vimefungwa kwenye mfuko mmoja. Nitavileta siku na saa mtakayonipangia na kuvikagua pamoja nanyi, lakini sitaviacha kaunta bila hati ya mapokezi iliyosainiwa na kugongwa mhuri.

Wako,

Mteja, Tabata

Viambatisho: nakala ya risiti pande zote mbili, picha sita za ndani ya silinda na mpira wa pistoni, na stakabadhi tatu za kukodi kirikuu.