Barua ya wazi kwa Waziri wa Nishati: mita kumi za mwisho

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Nishati,
Dodoma.

YAH: KUINGIZA BOMBA LA GESI NYUMBANI KWA KUTOBOA MSINGI

Mheshimiwa Waziri,

Pokea salamu zangu. Mimi ni fundi mwashi wa Dar es Salaam. Nilianza kwa kubeba zege kwa ndoo, na leo nina vijana wanaonibebea. Sikuandikii kuhusu bei ya saruji, ingawa hiyo nayo ina siku yake. Nakuandikia kwa sababu ya tundu moja. Nililitoboa mwenyewe kwa tindo na nyundo, upana wake kama mdomo wa kikombe cha chai, kwenye msingi wa nyumba ya watu, ili bomba la gesi lipite. Hakuna aliyeniuliza kitu, na mimi sikumuuliza mtu.

Ilikuwa hivi. Mtaa ulikuwa umefikiwa na gesi asilia na majirani wanafurahia kuachana na mitungi. Kampuni ndogo iliyopewa kazi ya mitaro ilinichukua kibarua cha siku chache kwa ajili ya kubomoa na kurudishia. Bomba la plastiki lilikuwa limelazwa kutoka barabarani hadi karibu na ukuta wa mbele wa nyumba hiyo. Jiko liko nyuma. Njia ya kawaida ni bomba kupanda juu ya ardhi likiwa bado nje, lifungwe koki na mita hapo, kisha bomba la chuma lizunguke ukuta kwa nje hadi jikoni. Mama mwenye nyumba akakataa. Alikuwa ndiyo kwanza amebandika vigae vya mawe ukuta wa mbele, akasema hataki nyumba yake ifanane na kiwanda. Msimamizi akatazama saa, akautazama mtaro, kisha akanigeukia: "Fundi, piga chini. Litapita chini ya jamvi litokee jikoni." Jamvi ni lile zege la sakafu ya chini ya nyumba.

Nikapiga. Njiani nikakutana na nondo, nikaikata kwa grainda. Bomba likapita, nikaziba tundu kwa zege nililolishindilia mpaka likakaa kama jiwe, nikasakafia juu, nikalipwa siku yangu. Kwa macho ilikuwa kazi safi sana. Mama alinipa na chai ya tangawizi.

Mvua za misimu miwili zikapita. Akanipigia simu nikamzibulie bomba la maji machafu lililokuwa linarudisha maji bafuni. Nilipovunja sakafu karibu na ule ukuta nikaona kazi yangu mwenyewe. Kona ile ya nyumba ilikuwa imeshuka kidogo. Si jambo la ajabu, nyumba nyingi za ukanda huu wa chini hushuka, maji ya chini yako karibu na udongo wake haueleweki. Lakini msingi uliposhuka, lile zege langu zuri lilishuka nao, likalikalia bomba na kuling'ata. Kwenye plastiki palikuwa na mchubuko unaoingia kucha. Lilikuwa halijatoboka. Nilitoka nje, nikawaambia wote watoke, tukapiga simu gesi ikafungwa. Bomba lile likaachwa, na jipya likapitishwa nje ya ukuta, likapakwa rangi ya vigae vya mama. Ukipita leo huwezi hata kuliona.

Mimi ndiye niliyekosa usingizi. Ndipo nikaanza kuuliza wanaojua, nikajifunza mambo ambayo nilipaswa kuambiwa kabla sijashika tindo.

La kwanza, gesi ya bomba si ndugu wa gesi ya mtungi. Ya mtungi ni nzito kuliko hewa, ikivuja inatambaa sakafuni. Watu wetu wameizoea hiyo, ndiyo maana wanaambiwa wafungue mlango na kuifagia itoke chini. Gesi asilia sehemu yake kubwa ni methani, nyepesi kuliko hewa, nayo hupanda. Ikivujia uani inapaa na kupotea. Ikivujia chini ya jamvi haina pa kupaa, kwa hiyo inatafuta mwanya: ufa wa sakafu, pembeni mwa bomba la sinki, paipu za nyaya za umeme zinazotoka chini na kuishia kwenye soketi ya chumbani. Inaweza kuingia chumba kisicho na jiko wala kiberiti, mtu akaiwashia taa. Ikifika kati ya asilimia 5 na 15 ya hewa ya chumba, cheche ya swichi inatosha.

La pili lilinitisha zaidi. Gesi asilia haina harufu. Ule uvundo kama wa yai viza huwekwa makusudi ili pua zetu zishtuke. Sasa gesi ikisafiri ndani ya udongo kabla ya kuingia nyumbani, udongo unaweza kuinyonya ile harufu na gesi ikaendelea na safari bila hiyo. Yaani kwa kulipitisha bomba chini ya nyumba nilimwondolea yule mama mlinzi wake pekee, na yeye ananishukuru kwa chai.

Haya yamekwisha kuwapata wenzetu, Mheshimiwa. Tarehe 18 Machi 1937, huko New London, Texas, gesi isiyotiwa harufu ilivuja na kujaa katika nafasi iliyokuwa chini ya sakafu ya shule. Hakuna aliyeinusa. Cheche moja ikaiwasha, na karibu watu 300 wakafa, wengi wao wanafunzi. Baada ya msiba huo ndipo Texas ikatunga sheria ya kuitia gesi harufu. Na mwaka 1986, kijiji cha Loscoe nchini Uingereza, methani iliyotokana na taka zilizofukiwa ilipenya ardhini ikaingia chini ya nyumba moja na kuilipua. Watu watatu walijeruhiwa vibaya. Nyumba ile haikulipuliwa na bomba lolote la gesi. Gesi ilitembea yenyewe kwenye udongo na miamba mpaka ikaifikia. Mtu akiniambia kwamba udongo ulioshindiliwa hauwezi kupitisha gesi, namkumbusha Loscoe.

Kanuni za Uingereza za mwaka 1998 kuhusu ufungaji wa gesi zinakataza bomba kupita chini ya msingi au chini ya kitako cha ukuta, isipokuwa pawe na hatua za kutosha za kulilinda bomba hilo lisiharibike jengo au ardhi ikisogea. Kusogea: neno ambalo mimi mwashi ninalijua kuliko mengine yote, na ndilo nililolisahau siku ile.

Sitaki kusema kwamba bomba kamwe lisiguse msingi. Ziko nyumba zimebanana mpaka ukuta wa mmoja ni uzio wa mwingine, na pa kuzungushia bomba hapapo. Ila kuna namna ya kufanya. Bomba la gesi likipita ukutani au msingini huvikwa bomba jingine kubwa kidogo, mafundi wa mabomba huliita silivu, ili ukuta ukishuka uikalie silivu na si bomba lenyewe. Ndani ya silivu hapatakiwi ungio hata moja. Nafasi iliyobaki kati ya mabomba mawili huzibwa upande wa ndani ya nyumba kwa kitu kinachonyumbuka, wala si zege, ili gesi ikivuja humo ielekee nje. Tundu hukatwa kwa mashine inayotoboa duara baada ya kujua nondo ziko wapi, si kwa nyundo na kubahatisha. Juu ya tundu hubaki kitu cha kubeba uzito. Bomba la plastiki huishia nje. Ndani huingia la chuma au shaba. Na kwa pwani yetu hii, chuma kikipita ardhini bila kufunikwa vizuri, chumvi hukila kama mchwa anavyokula mbao. Mwashi yeyote wa Dar anazijua kuta zinazotoa chumvi kila baada ya kupaka rangi. Chumvi hiyo haibagui nondo na bomba.

Mimi katika hayo yote nilifanya moja tu sawasawa: nilisakafia vizuri.

Sasa nije kwa kilichonifanya nikuandikie wewe, nisiishie kumwambia msimamizi wangu. Gesi iligunduliwa Songo Songo mwaka 1974, Mnazi Bay mwaka 1982. Ilifika Dar es Salaam kuzalisha umeme mwaka 2004. Mwaka 2015 likazinduliwa bomba kubwa kutoka Mtwara, zaidi ya kilomita 500, limepita mito, mashamba na vijiji. Kwenye bomba lile hakuna mchomeleaji aliyeokotwa kijiweni asubuhi ile. Kisha gesi hiyo hiyo inafika mlangoni kwa mwananchi, zimebaki mita kumi, na mita hizo kumi anakabidhiwa mtu kama mimi, na tindo, na msimamizi anayetazama saa.

Na kazi inaongezeka. Serikali imezindua mkakati wa nishati safi ya kupikia wa 2024 hadi 2034, lengo asilimia 80 ya Watanzania wapikie nishati safi. Naunga mkono, mke wangu amekohoa moshi wa mkaa miaka ya kutosha. Lakini kila nyumba itakayounganishwa kwa bomba ina ukuta wa kupitisha bomba hilo, na kila ukuta una mwashi wake.

Najua wataalamu wana viwango vyao, na EWURA, mamlaka ya udhibiti wa huduma za nishati na maji, ipo kuvisimamia. Ninachosema ni kwamba miaka yote niliyofanya kazi, kiwango hicho hakijawahi kushuka mtaroni nilipo mimi. Naomba ukurasa mmoja. Karatasi moja ya Kiswahili, yenye mchoro, inayosomeka na kijana wa darasa la saba: bomba lipande nje, lisipite chini ya jamvi, likilazimika kutoboa ukuta, liwe ndani ya silivu, nondo haikatwi, tundu halizibwi kwa zege. Kila mtu anayeshika tindo kwenye kazi ya gesi apewe na aeleweshwe kabla ya kulipwa hata shilingi.

Naomba pia tundu lisifunikwe mpaka mkaguzi aliyetumwa na mwenye dhamana alione kwa macho, alipige picha na kutia saini jina lake. Siri ya ufundi wetu, Mheshimiwa, iko kwenye lipu. Ukishapiga lipu hakuna anayejua kilicho nyuma yake. Nimeona kuta nzuri zimefunika mambo ambayo nikikusimulia utaacha kulala kwenye ghorofa. Nakala ya picha hiyo na mchoro wa njia ya bomba abaki nayo mwenye nyumba, na akiuza nyumba aikabidhi pamoja na hati. Leo anayechimba shimo la choo hajui kilichopita chini ya jembe lake.

Kwa nyumba mpya jambo ni rahisi mno kiasi cha kuudhi. Mitaa inayotarajiwa kupitiwa na bomba, ramani zinapopitishwa halmashauri ziulizwe swali moja tu: mita ya gesi itakaa wapi? Mchoraji akilijibu, mwashi ataacha silivu ukutani juu ya jamvi wakati tofali bado linapangwa. Gharama yake ni kipande cha bomba na dakika tano. Kuja kutoboa baadaye ni siku nzima na hatari juu.

Na wenye nyumba nao wasemwe. Yule mama hakuwa na ubaya, alitaka ukuta wake upendeze, nani asiyetaka? Lakini hakuna aliyemweleza alichokuwa anachagua. Angeambiwa kwamba mita inaweza kuwekewa kiboksi chenye matundu ya hewa, na bomba likapakwa rangi ya ukuta, angekubali siku ileile. Alikubali kwa dakika mbili tulipomwambia, tumechelewa misimu miwili ya mvua.

Limebaki moja, na hili linanihusu mwenyewe. Msingi ule haukuwa wa pekee. Kwa muda niliofanya kazi ile nilitoboa mingine mitatu kwa namna hiyohiyo. Sina namba za nyumba, ila nazikumbuka: moja ina mwarobaini getini, nyingine ina duka la dawa upande wa barabara, ya tatu mlango wake wa mbele ni wa bluu, kama hawajaubadilisha. Zote tatu nimezipitia kwa miguu yangu nikawaeleza wenyewe. Wawili wameomba wakaguliwe. Wa tatu alidhani natafuta kibarua akanifungia geti. Hapo sauti ya fundi mwashi inafika mwisho. Anahitajika mtu mwenye kitambulisho na barua ya ofisi. Akipatikana nitamsindikiza, na tindo nitakuja nalo, sitadai malipo.

Wako mtiifu,

Fundi mwashi,
Dar es Salaam.