Mmemsahau Guardado

Mhariri,

Naomba nafasi nirekebishe jambo lililonikera kwenye ukurasa wenu wa michezo. Mmeandika kuhusu Mexico na Afrika Kusini kupangwa tena kufungua Kombe la Dunia, Juni 11 mwaka 2026, tarehe ileile waliyofungua lile la 2010. Habari nzuri, sina neno. Lakini pembeni mkaweka kisanduku cha waliocheza Kombe la Dunia mara tano, mkawataja Carbajal, Matthäus, Márquez, Messi na Ronaldo, basi. Andrés Guardado, winga wa Mexico aliyegeuka kiungo, hayumo. Na ndani ya habari yenyewe, kuhusu mechi ile ya 2010, mmesema Mexico "walisawazisha kupitia Márquez", nukta. Krosi ilijipiga yenyewe?

Namjua Guardado kwa sababu alinitia hasara. Mwaka 2010 nilikuwa na kibanda umiza hapa Ngamiani, Tanga. Bati juu, maturubai ubavuni, TV moja ya chogo na jenereta la kuazima. Kiingilio shilingi mia tano. Siku ile ya ufunguzi, saa kumi na moja jioni, watu walikaa mpaka kwenye ndoo zilizopinduliwa. Tshabalala wa Afrika Kusini alipopiga lile bao la kwanza, mabati yalipigwa ngumi mpaka misumari miwili ikachomoka. Jirani yangu muuza mihogo aliacha karai lake kwenye moto akaja kukumbatia watu asiowajua.

Dakika ya 79 Mexico wakapata mpira kushoto. Guardado, kijana aliyeingia kipindi cha pili, akauinua kwa mguu wa kushoto, bila papara. Mabeki wa Bafana, yaani Afrika Kusini, wakapanda kutega ofsaidi, mtego haukushika. Mpira ukapita juu ya vichwa vyote ukamshukia Márquez upande wa pili, peke yake. Akautuliza, akamfunga kipa Khune. Mle ndani palikuwa kimya hadi nikasikia mihogo ikiungua nje. Mteja mmoja alisimama akadai mia tano yake, eti amelipa kuona Afrika ikishinda.

Watu wote walimlaani Márquez. Mimi nilimlaani mwenye krosi, maana mimi ni mashoto na nimecheza namba kumi na moja, winga ya kushoto, tangu shule ya msingi. Najua mpira ule ulivyo mgumu. Ukiuvuta kidogo tu anaudaka kipa, ukiuzidisha unatoka nje. Tangu siku hiyo nikaanza kumfuatilia.

Kazaliwa Guadalajara, Septemba 1986, akakulia klabu ya Atlas, huko kwao wanamwita Principito, yaani mwanamfalme mdogo. Kombe lake la kwanza ni 2006, Ujerumani. Mechi yake ya kwanza kwenye fainali hizo aliianza akiwa na miaka 19, tena dhidi ya Argentina, hatua ya mtoano, mjini Leipzig. Mexico wakafungwa 2-1 kwa lile shuti la Maxi Rodríguez la dakika za nyongeza. Na mechi yake ya mwisho ya Kombe la Dunia, Novemba 26 mwaka 2022 kule Lusail, Qatar, ilikuwa dhidi ya nani? Argentina haohao. Alivaa kitambaa cha unahodha, akaumia, akatoka kabla ya mapumziko. Katikati hapo, 2010, Argentina ndio waliowatoa tena. Mtu ana bahati yake.

Mwaka 2007 alikwenda Hispania, Deportivo La Coruña. Timu ikashuka daraja 2011. Angeweza kuondoka, akabaki, akacheza daraja la pili wakapanda mwaka uliofuata, ndipo akaenda Valencia. Valencia wakamrudisha nyuma kucheza namba tatu, beki wa kushoto. Hapo nilicheka peke yangu, kwa sababu mwaka uleule kocha wetu wa maveterani hapa Tanga aliniambia, "Bwana, mbio zimekuisha, njoo huku nyuma ukabe." Ukitaka kumvunja moyo winga mwambie maneno hayo. Mpira unakuwa mbele yako badala ya kuwa mguuni kwako, na kila anayekuja anakuja na spidi.

Kutoka Valencia akapelekwa kwa mkopo Leverkusen, Ujerumani, mwanzoni mwa 2014. Huko sina la kusimulia. Kombe la Dunia la mwaka huo aliifunga Croatia, Mexico wakashinda 3-1, halafu hatua ya kumi na sita bora wakakutana na Uholanzi. Mnaikumbuka. Mexico wanaongoza hadi dakika ya 88, Sneijder anasawazisha, halafu Robben anaanguka dakika za majeruhi na Huntelaar anafunga penalti. Wamexico mpaka leo wanasema haikuwa penalti. Baada ya hapo Guardado akaenda kucheza wapi? Uholanzi, PSV Eindhoven!

Na huko ndiko alikozaliwa upya. Kocha Phillip Cocu alimtoa pembeni akamweka katikati, namba sita wakati mwingine, namba nane wakati mwingine. Winga wa kukimbiza chaki akawa mtu wa kuamua timu iende polepole au haraka. PSV walikuwa hawajachukua ubingwa tangu 2008, wakauchukua 2015, wakauchukua tena 2016 siku ya mwisho ya ligi baada ya Ajax kutoka sare. Vijana wetu wengi wa Tanga wanaikumbuka PSV ya wakati ule kwa sababu ya mguu wa Luke Shaw wa Manchester United uliovunjika tu. Aliyemchezea rafu ile ni Héctor Moreno, Mmexico mwingine. Msiwachanganye.

Sitaki mdhani namtakasa. Julai 2015 kule Atlanta, nusu fainali ya Kombe la Dhahabu, lile la Amerika ya Kaskazini na Kati, Panama walikuwa pungufu, mtu wao ana kadi nyekundu tangu dakika ya 25, na bado wanaongoza 1-0. Mwishoni mwamuzi akawapa Mexico penalti baada ya beki wa Panama kuangukia mpira. Zogo likachukua kama dakika kumi. Guardado akafunga. Dakika za nyongeza ikatolewa nyingine, akafunga tena. Baadaye alikiri kwamba wazo la kuikosa makusudi lilimpita kichwani. Pale kibandani tulibishana wiki nzima. Mimi nilisema, na bado nasema, angefunga tu, kwa sababu aliyekosea ni mwamuzi na wenzake kumi uwanjani hawakumtuma akawe kadhi. Lakini kombe lile walilochukua kwa kuifunga Jamaika 3-1, na yeye akafunga bao la kwanza, sijawahi kulihesabu kwa furaha. Akapewa na tuzo ya mchezaji bora wa mashindano. Sawa.

Halafu akarudi Hispania, Real Betis, 2017. Kule alikaa muda mrefu kuliko watu walivyodhani kwa umri wake. Aprili 2022 wakachukua Kombe la Mfalme kwa penalti mbele ya Valencia, klabu yake ya zamani, na yeye ni mmoja wa waliofunga.

Kwenye timu ya taifa ameipita rekodi ya Claudio Suárez ya mechi 177. Mtasema, mbona hakuwahi kufika robo fainali ya Kombe la Dunia? Kweli. 2006, 2010, 2014, 2018, mara zote nne wametolewa kumi na sita bora, na 2022 hawakuvuka hata makundi. Mexico wana jina la ugonjwa huo, wanauita mechi ya tano, ile wasiyoifikia. Lakini kuna siku ya Juni 2018, Moscow, walipowafunga Ujerumani mabingwa watetezi kwa bao la Lozano. Nahodha alikuwa Guardado, na alipotolewa alimfunga Márquez kitambaa mkononi. Mkubwa aliyeipokea krosi ile ya 2010.

Jambo moja zaidi, kwa sababu linanihusu. Baada ya mechi ya Lusail ilisambaa video ya Messi chumbani, jezi ya Mexico iko sakafuni miguuni pake. Bondia wa Mexico, Canelo Álvarez, akawaka mtandaoni, eti Messi ameidharau jezi yao. Guardado akasema jezi ile ni yake, alibadilishana na Messi, na asiyejua chumba cha wachezaji kilivyo asiseme. Mimi ndiye ninayefua jezi za maveterani wetu, kila Jumapili jioni, beseni mbili. Mhariri, jezi iliyochezewa dakika tisini hakuna anayeikunja. Inatupwa chini kwanza, ikiwa nzito kwa jasho, na anayeiokota anaishika kwa vidole viwili. Huo ndio ukweli wa jezi, ya Messi au ya fundi baiskeli.

Guardado alimalizia klabu ya León, nyumbani Mexico, akastaafu mwishoni mwa 2024. Oktoba ya mwaka huo timu ya taifa ilimuaga Guadalajara kwa mechi na Marekani, wakashinda 2-0. Sikuona mstari hata mmoja kuhusu hilo kwenye gazeti lenu, ingawa siku zile mlikuwa na nafasi ya kutosha kwa picha za magari ya mastraika.

Kwa hiyo naomba mtoe masahihisho. Ongezeni jina lake kwenye kisanduku, na siku mtakapoisimulia tena mechi ya 2010 andikeni "Márquez, kwa krosi ya Guardado". Maneno manne tu yanaongezeka.

Kibanda nilishakifunga, siku hizi kila mtu anatazama kwenye simu. Lakini yule mteja bado tunaonana sokoni, na tangu ratiba ilipotoka ameanza tena kunidai mia tano yake. Nimemwambia asubiri Juni.

Mashoto wa Ngamiani,
Tanga