Barua ya wazi kwa vijana wachekeshaji wa Dar es Salaam

Wanangu,

Nimesikia mnaandaa kichekesho kifupi kisicho na maneno, kuhusu watu wanaojipenda na kujiremba kupita kiasi. Nimefurahi. Kichekesho cha ishara kinaeleweka Manzese, na Bujumbura pia kinaeleweka bila mkalimani. Ila nina neno nanyi.

Klipu nyingi siku hizi humchukua dada ambaye mashavu yake yameungua kwa mkorogo, yaani mchanganyiko wa kujichubua ngozi, kamera ikamsogelea, watu wakaangua kicheko. Hapo mnacheka jeraha. Zebaki na haidrokwinoni, kemikali za kuchubua ngozi, zimepigwa marufuku kwenye vipodozi nchini kwetu kwa sababu zinadhuru. Zebaki hufika hadi kwenye figo. Dada yule anahitaji daktari wa ngozi. Na pengine alianza kujichubua kwa kuwa kuna watu walimcheka weusi wake, leo nanyi mnamcheka wekundu wake. Inaniuma sana.

Itafuteni Kid Auto Races at Venice ya mwaka 1914, filamu ambayo watazamaji walimwona Charlie Chaplin kwa mara ya kwanza na kofia yake, fimbo na suruali pana. Wapiga picha wanataka kuchukua mashindano ya vigari vya watoto huko California. Jamaa anajipitisha mbele ya kamera. Anasukumwa, anarudi. Anasukumwa tena, anarudi tena. Ni hivyo tu, dakika chache! Kinachochekesha ni hamu yake ya kuonekana, na hamu hiyo kila mtazamaji anaijua moyoni mwake.

Basi nanyi tafuteni hamu. Mleteni kijana mwenye viatu vyeupe pe, pale bonde la Jangwani, masika, maji yamejaa barabarani. Wenzake wanakunja suruali na kuvuka. Yeye anamlipa mwenye mkokoteni amvushe, nauli yote inaishia hapo. Anafika ng'ambo viatu vikavu, daladala linaondoka na wenzake. Kaeni na uso wake hapo, msiharakishe. Msimwangushe majini, hilo kila mtu analitarajia, na litaua utamu wote.

Mwigizaji wenu msimpake masizi wala poda ili aonekane mbaya. Mkimaliza, kabla hamjairusha klipu yenu, itazameni pamoja na dada mmoja wa mtaani aliyeumizwa na mkorogo, kama ataridhia. Mwangalieni yeye, si simu. Asipocheka, rudini mkaihariri upya.

Mzee wenu,
Magomeni