Tabule ya Jumamosi

Kwako shoga yangu Zuhura,

Salamu nyingi, na watoto wote wasalimie. Nimesikia Bi Rukia ametoka hospitali, alhamdulillahi. Yeye nitamwandikia barua yake. Leo nina haraka na jambo lako, maana wageni wanakuja Jumamosi na unasema tabule uliyoijaribu, ile saladi ya Lebanon ya majani ya paseli na ngano, imeishia kuwa rojorojo la kijani.

Shoga, tatizo ni maji. Umenieleza habari za limau na mafuta kwa kirefu, lakini hukusema popote kwamba ulikausha majani. Paseli ikikatwa huku inachuruzika, inapondeka chini ya kisu badala ya kukatika. Yaoshe majani yakiwa mazima, kwenye beseni la maji mengi, halafu uyainue kwa mikono. Ukiyamwaga pamoja na maji, mchanga wote utayarudia. Kung'uta vizuri. Afadhali uoshe Ijumaa usiku, uyaviringishe kwenye kitambaa kikavu na uyaweke kwenye friji. Asubuhi utayakuta makavu na yamekaza.

Halafu hiyo ngano, Hamida alikupa ya namna gani? Bulguri ni ngano iliyochemshwa, ikaanikwa, ndipo ikavunjwavunjwa, kwa hiyo imekwisha kuiva, inataka kulainishwa tu. Ngano mbichi iliyopasuliwa inafanana nayo sana, ila hiyo hata uiloweke kutwa itabaki na kiini kigumu, mpaka uipike. Tafuta bulguri ya chenga ndogo kabisa. Ukikosa, ya chenga kubwa iloweke kwenye maji ya moto nusu saa, kisha uikamue kwa viganja mpaka isitoe hata tone. Ile ndogo usiitie maji kabisa: iweke chini ya bakuli, mwagia nyanya ulizokatakata pamoja na maji yake na nusu ya maji ya limau, uiache nusu saa. Itayanywa maji yaleyale ambayo yangekuharibia saladi.

Kwa watu 4 chukua paseli mafungu makubwa 3, ya majani bapa. Yale yaliyojikunja ni makavu mdomoni. Nanaa fungu dogo, bulguri vijiko 4 vya mezani, nyanya 3 zilizoiva lakini ngumu, vitunguu vya majani 4, malimau 2, mafuta ya zeituni theluthi ya kikombe, chumvi na pilipili manga. Usiongeze ngano kwa kuona ni kidogo! Huko Lebanon tabule ni sahani ya majani, ngano ipo kwa kiasi cha kuyashikilia tu, na wewe uliweka kikombe kizima.

Kisu kiwe kikali kweli. Kusanya majani kwenye kishada, ubane kwa vidole, ukate vipande vyembamba mara moja, basi. Kule kurudiarudia kukatakata juu ya ubao ndiko kunakotoa maji ya majani na kuyafanya machungu. Mashine ya kusagia usiiguse. Nanaa ikate mwisho kabisa, inageuka nyeusi upesi. Vitunguu visugue kidogo kwa chumvi na pilipili manga, ukali wake utapungua.

Narudi kwenye maji, nisamehe. Chumvi huyavuta kutoka kwenye nyanya na majani, kwa hiyo chumvi iliyobaki, mafuta na nusu ya pili ya limau usivitie mpaka wageni wameshakaa. Changanya kwa mikono, taratibu, onja, ongeza limau kama inapwaya. Lazima uchachu usikike. Ikilala usiku kucha inaliwa, lakini si ya kumwekea mgeni. Weka majani ya letusi pembeni watu wachotee, kabichi changa nayo inafaa.

Nilitaka kukuuliza pia kuhusu ile shughuli ya Hamida, lakini hiyo tuiache mpaka tuonane.

Sasa nijibu upesi: wageni ni wangapi hasa? Ile ngano ukiitafuna kavu, chenga zake zina ukubwa gani? Mafuta ya zeituni unayo ya kutosha? Na mama mkwe anakula vitunguu vibichi siku hizi, au umtengee bakuli lake?

Akupendaye,
Mwanaidi