Nimefukuzwa kazi bila hati ya mashtaka, sasa naambiwa nilipe nirudishwe

Mhariri, shikamoo, na wasomaji wenzangu habari za huko.

Naandika kutoka Makorora, hapa Tanga mjini, ninakoishi kwa dada yangu tangu nilipoondoka kwenye nyumba ya kijiji. Nilikuwa mtendaji wa kijiji katika halmashauri moja ya mkoa huu. Jina lake naliacha, shauri halijaisha na sitafuti ugomvi mpya.

Kisa ni mashine ya POS. Mliowahi kukusanya ushuru wa mazao mnajua: unakata risiti, fedha inakwenda benki, na kilichosomeka kwenye mashine kisipoonekana benki kinahesabiwa deni lako. Yangu ilisoma zaidi ya nilichopeleka. Lakini kuna kipindi mashine ile iliondolewa kwangu kwa maagizo ya ofisi, ikapelekwa kwenye kizuizi cha mazao cha kata nyingine, huku ikiendelea kusoma jina langu. Barua ya kunitaka niikabidhi ninayo, ina saini na muhuri.

Nilichokosa ni mahali pa kuitoa barua hiyo. Alikuja kiongozi mmoja kufanya mkutano wa hadhara kijijini. Wananchi walianza na kero ya maji, mara mapato yakaibuka, nikaitwa mbele. Akasema nikae pembeni kuanzia siku hiyo. Makofi yalipigwa, na baadhi ya waliopiga ni watu niliokuwa nimewaandikia barua za utambulisho juzi yake tu. Ndiyo kazi ya utendaji. Mkuu huyo si mamlaka yangu ya nidhamu, lakini nani angesimama pale kumwambia?

Zikafuata barua. Ya kwanza ya kunisimamisha kazi, nikawa napokea nusu mshahara. Ya pili ya kunitaka nijieleze. Nikajieleza, nikaambatanisha nakala ya ile yenye muhuri. Kimya kikawa kirefu. Ya tatu ikasema baraza la madiwani limeridhia nifukuzwe kazi kwa matumizi ya fedha mbichi, yaani kutumia makusanyo kabla hayajafika benki.

Kati ya ya pili na ya tatu hapakufanyika kitu. Hati ya mashtaka sikuiona. Kamati ya uchunguzi sikuitwa, na sijui kama iliundwa. Aliyetumia mashine kule kizuizini hakuulizwa mbele yangu. Afisa utumishi nilipomfuata alisema maelezo yangu ndiyo utetezi. Hilo nalikataa. Mtu anajitetea dhidi ya kosa aliloandikiwa, na mimi niliulizwa tu "toa maelezo kuhusu upungufu wa mapato." Hata Katiba, Ibara ya 13(6)(a), inampa mtu haki ya kusikilizwa kikamilifu na ya kukata rufaa.

Katibu wa chama chetu cha wafanyakazi alinifungulia Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298. Anasema nikate rufaa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45 tangu nilipopokea uamuzi, nakala niipeleke kwa mamlaka ya nidhamu, na nisiporidhika zaidi ipo rufaa kwa Rais. Jirani yetu anayejua mambo ya mahakama ananihimiza niende CMA, ile Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi, kabla siku 30 hazijaisha. Katibu anakataa: tangu sheria ilipofanyiwa marekebisho 2016, mtumishi wa umma anatakiwa amalize kwanza ngazi za utumishi, na CMA watanirudisha mlangoni. Hapo namwamini katibu.

Kinachonitia wasiwasi ni tarehe. Barua ya kufukuzwa imeandikwa zaidi ya mwezi mmoja kabla sijaitwa masjala kuisaini. Siku niliyosaini imo kwenye kitabu chao cha kupokelea barua. Kitabu kiko kwao, nami nilipiga picha ule ukurasa kwa simu. Je, picha hiyo inatosha Tume wakisema nimechelewa?

Mjomba wangu ana msimamo wake. Yeye aliondolewa na lile fagio la watumishi wenye elimu ya darasa la saba tu, kisha akarudi 2018 serikali ilipoagiza walioajiriwa kabla ya 20 Mei 2004 warudishwe. Kwake dawa ni subira. Nimemwambia, Mjomba, ninyi mlikuwa wengi na agizo lilikuja kwa wote. Mimi niko peke yangu, na siku 45 hazina subira. Amenuna kidogo.

Sasa limeingia jambo linaloninyima usingizi. Mfanyakazi mwenzangu wa zamani ameniletea ujumbe wa mdomo kutoka juu: nilipe lile deni lote kwa kontroo namba, niandike barua ya kuomba radhi, nisikate rufaa, nami "nitaangaliwa." Dada yuko tayari kuuza cherehani yake kubwa tuanze kulipa. Watoto wangu wawili wako sekondari, na hapa tunakula kwa jasho la dada huyohuyo. Nakiri ujumbe ule unavutia. Lakini najiuliza: kama baraza ndilo lililonifukuza, huyo wa kuniangalia atanirudisha kwa barua gani? Na ile risiti ya malipo, kesho si itakuwa ushahidi kwamba nilikiri?

Upande wa pili nao una mwiba. Katibu ameniambia kweli kwamba Tume ikiona taratibu zilivunjwa inaweza kuagiza shauri lianze upya, si lazima initamkie kuwa sina hatia. Yaani nishinde, kisha nirudi palepale mbele ya watu walewale, safari hii na hati ya mashtaka mkononi. Mimi hilo sina tatizo nalo, barua yenye muhuri nitaitoa. Dada ndiye anayeuliza tutakula nini muda wote huo.

Naomba ushauri wa waliowahi kupita kwenye rufaa hizi, hasa watendaji wenzangu. Je, inawezekana kulipa huku nikiandika kwamba deni silitambui, na rufaa iendelee? Au kulipa kokote kunaiua? Tafadhali msichelewe kunijibu, siku zilizobaki hazifiki wiki tatu, na dada ameshapata mteja wa cherehani.

Mtendaji niliyesimamishwa mkutanoni,
Tanga