Semiotiki si jina lingine la ishara

Mhariri,

Neno semiotiki limeanza kuzoeleka katika kurasa za utamaduni za gazeti lako, na kuzoeleka huko ni jambo la heri. Kinachonisukuma kuandika ni kazi linazopewa. Makala moja ilizungumzia “semiotiki za rangi ya kijani” katika bendera, ikiwa na maana tu kwamba rangi hiyo inawakilisha kitu fulani. Uhakiki wa riwaya uliofuata ulitaja “semiotiki ya jogoo” mahali ambapo msomaji angeelewa papo hapo kama angeambiwa kuwa jogoo ametumiwa kama ishara. Mwandishi wa tatu aliandika semiotiki palipostahili semantiki, yaani elimu ya maana katika lugha, kana kwamba maneno hayo mawili yanaweza kupokezana zamu kadiri kalamu inavyopenda. Naomba nafasi nieleze kwa nini matumizi hayo yote matatu yanampotosha msomaji, ingawa kwa njia tofauti.

La kwanza na lililo rahisi ni kwamba semiotiki ni jina la taaluma. Ni elimu inayouliza inakuwaje kitu kimoja kisimame badala ya kingine, mbele ya nani, na kwa sababu gani. Ishara yenyewe haiitwi semiotiki, kama vile mguu wa kuku hauitwi biolojia hata ukichunguzwa na mwanabiolojia. Kwa hiyo “semiotiki ya jogoo” ingekuwa halali iwapo mhakiki angetuchambulia jinsi jogoo anavyopata maana katika riwaya hiyo: anahusishwa na nini, anapingana na nini, na ni mazoea gani ya wasomaji yanayomwezesha kubeba maana hiyo. Alipotuambia tu kwamba jogoo anawakilisha kiburi cha baba mwenye nyumba, alikuwa ametaja ishara na tafsiri yake, na Kiswahili kina maneno ya kutosha kwa kazi hiyo bila kuazima.

Historia ya neno hili inaeleza sehemu kubwa ya mkanganyiko, maana limepita katika mikono mingi. Mzizi wake ni neno la Kigiriki semeion, lenye maana ya ishara au alama, na makao yake ya kale ni tiba. Tiba ya Kigiriki ilihesabu usomaji wa dalili za ugonjwa kuwa tawi lake maalumu: homa, rangi ya mkojo, mapigo ya moyo na hali ya ngozi vilikuwa ishara za jambo lililojificha ndani ya mwili. Maana hiyo haijafa. Katika ufundishaji wa udaktari kwa Kifaransa, somo la dalili za magonjwa bado linaitwa semiolojia, neno la mzizi huohuo, na wataalamu wa kifafa duniani hutumia neno hilohilo wanapoeleza sura ya kifafa kinavyompata mgonjwa, yaani mkono upi ulianza kutetemeka, macho yaligeukia upande gani na fahamu zilipotea wakati gani, kwa kuwa mambo hayo huwasaidia kukisia ni sehemu ipi ya ubongo yenye hitilafu. Msomaji wa Kiswahili asione ajabu kwamba elimu ya ishara ilianzia kwa tabibu. Methali yetu husema dalili ya mvua ni mawingu, na neno lililochaguliwa humo ni lilelile analolitumia daktari.

Kutoka kwenye tiba, neno liliingia katika falsafa. Mwingereza John Locke, katika kitabu chake cha mwaka 1690 kuhusu akili ya binadamu, aliyagawa maarifa yote katika mafungu matatu: maarifa ya vitu jinsi vilivyo, maarifa ya matendo ya binadamu, na maarifa ya ishara. Hili la tatu alilipa jina hilo la Kigiriki, akaongeza kwamba linaweza pia kuitwa mantiki, kwa kuwa ishara tunazozitumia zaidi ni maneno. Karibu miaka 200 baadaye, Mmarekani Charles Sanders Peirce (1839–1914) alilichukua wazo hilo na kulijengea nyumba yake kamili. Naye alishikilia kwamba mantiki, kwa maana yake pana, ni semiotiki kwa jina jingine. Mwandishi anayelitumia neno hili kwa ajili ya mapambo ya lugha na akumbuke basi kwamba waliolilea walikuwa wanatafuta kanuni za kufikiri.

Peirce ndiye aliyetuachia mgawanyo ambao, kwa maoni yangu, ungeifaa sana makala ya bendera. Kuna ishara inayowakilisha kitu kwa kufanana nacho, nayo huitwa ikoni. Kuna inayowakilisha kwa kuunganishwa nacho kwa kweli, kama mawingu na mvua au moshi na moto, nayo ni indeksi. Na kuna inayowakilisha kwa sababu watu wamezoea au wamekubaliana hivyo, nayo ni simboli. Bendera moja inaweza kuzibeba zote tatu. Bendera ya Cyprus ina ramani ya kisiwa chenyewe, na ramani hufanana na umbo la nchi: hiyo ni ikoni. Ikiwa mlingotini na kupepea kuelekea magharibi, inatuonyesha upepo unakotoka, na hapo imekuwa indeksi, jambo ambalo wahenga waliligusa waliposema bendera hufuata upepo, ingawa wao walikuwa wakiwasema watu. Rangi zake, kwa upande mwingine, ni simboli, kwa kuwa hakuna rangi inayofanana na nchi wala inayosababishwa nayo. Kijani katika bendera ya Tanzania huelezwa kuwa ni uoto wa nchi, ilhali katika bendera ya Saudi Arabia kinahusishwa na Uislamu. Rangi ni ileile. Kinachotofautiana ni makubaliano ya wanaoitazama. Makala ingetueleza hayo, ingekuwa imefanya kazi ya kisemiotiki hata kama neno lenyewe lisingetajwa popote.

Mkono wa tatu ni wa mwanaisimu wa Geneva, Ferdinand de Saussure, aliyefariki mwaka 1913 na ambaye mihadhara yake ilichapishwa na wenzake mwaka 1916. Yeye alitabiri sayansi itakayochunguza maisha ya ishara ndani ya jamii, akaiita semiolojia, na isimu akaihesabu kuwa sehemu yake tu. Hapa ndipo wahakiki wetu wengi wanapochota, na hapa ndipo pana mtego. Saussure aligawa ishara katika pande mbili, ambazo wapo wanaoziandika kwa Kiswahili kama kiashiria na kiashiriwa. Upande wa kwanza ni sura ya sauti iliyomo akilini, wa pili ni dhana. Tukilichukua neno mti, kiashiria ni sauti hiyo tunavyoitambua, na kiashiriwa ni wazo la mti kwa jumla. Mti ulioota nje ya dirisha hauingii katika hesabu hiyo hata kidogo. Huo ni kirejelewa, na Saussure aliuacha nje kwa makusudi. Mara ngapi tumesoma katika uhakiki kwamba kiashiriwa ni “kitu chenyewe”? Kosa hilo si dogo, kwa sababu linaurudisha kwa mlango wa nyuma mtazamo ambao Saussure alikuwa anaukataa, kwamba lugha ni orodha ya majina ya vitu vilivyokwisha kuwapo.

Jambo linatatanishwa zaidi na neno kiashiria lenyewe, ambalo ripoti za mipango na uchumi zimelitwaa kwa maana nyingine kabisa. Zinaposema viashiria vya umaskini, zina maana ya vipimo vinavyotuonyesha hali iliyopo: kiwango cha elimu, aina ya makazi, upatikanaji wa maji. Kwa lugha ya Peirce hizo ni indeksi. Msomaji anayetoka ukurasa wa uchumi na kuingia ukurasa wa fasihi hukuta neno moja likimaanisha dalili kule na sura ya sauti huku, na hakuna anayemtahadharisha. Sipendekezi kwamba upande mmoja unyang’anywe neno. Ninachoomba ni kwamba mhakiki anayelitumia kwa maana ya Saussure aseme hivyo mara ya kwanza anapolitaja.

Swali la semiolojia na semiotiki, ambalo huwashughulisha sana wanafunzi, halina uzito linaopewa. Jina la kwanza lilienea kwa wafuasi wa Saussure, hasa Ufaransa, ambako mhakiki Roland Barthes mwaka 1964 alifika mahali pa kupindua kauli ya Saussure na kudai kwamba semiolojia ndiyo iliyo sehemu ya isimu. Jina la pili lilitoka katika mkondo wa Locke na Peirce. Chama cha kimataifa cha wataalamu wa fani hii kilipoundwa mwaka 1969 kilichukua jina la semiotiki, na tangu hapo hilo ndilo linalotumika zaidi kwa fani nzima. Semiolojia imebaki kwa madaktari na kwa wanaotaka kuonyesha kwamba wanafuata njia ya Saussure.

Kuhusu semantiki, maneno haya mawili ni ndugu wa ukoo mmoja wa Kigiriki, lakini umri na kazi zao havilingani. Semantiki ilipewa jina na Mfaransa Michel Bréal mwaka 1883, nayo hushughulikia maana katika lugha. Mwaka 1938 mwanafalsafa Mmarekani Charles Morris aliiweka ndani ya semiotiki kama moja ya matawi matatu: sintaksia huangalia uhusiano wa ishara na ishara, semantiki uhusiano wa ishara na vitu zinavyoviwakilisha, na pragmatiki uhusiano wa ishara na wanaozitumia. Anayeandika kuhusu maana za neno katika kamusi anafanya semantiki. Anayeandika kuhusu mavazi, taa za barabarani, picha za matangazo au kelele za wanyama hawezi kuiita kazi yake semantiki bila kulinyoosha neno kupita kiasi.

Nimetaja wanyama makusudi, kwa kuwa wengi hudhani fani hii inaishia kwenye fasihi na matangazo ya biashara. Mwanaisimu Thomas Sebeok alianzisha jina la zoosemiotiki mwaka 1963 kwa uchunguzi wa ishara za wanyama, na mwaka 1980 yalichapishwa matokeo ya utafiti kuhusu tumbili wa Amboseli, nchini Kenya, ambao hupiga mlio mmoja kwa chui, mwingine kwa tai na mwingine kwa nyoka. Watafiti walipowachezea milio iliyorekodiwa, pasipo adui yeyote karibu, tumbili walipanda mitini kwa mlio wa kwanza, wakatazama juu kwa wa pili na wakatazama chini kwa wa tatu. Walidanganywa na ishara, na jambo hilo linaafikiana vizuri na hoja ya Mwitaliano Umberto Eco, kwamba semiotiki inahusu kila kinachoweza kutumiwa kusema uongo, kwa sababu kisichoweza kudanganya hakiwezi kueleza chochote pia.

Limebaki suala la sarufi. Semiotiki kama jina la taaluma iko pamoja na fonetiki (elimu ya sauti za lugha) na semantiki: semiotiki inachunguza, semiotiki yake. “Semiotiki hizi” na “semiotiki za” ni mwangwi wa herufi s iliyo mwishoni mwa neno la Kiingereza semiotics, ambayo hata huko kwao haihesabiwi kuwa ya wingi. Mtaalamu ni mwanasemiotiki, uchambuzi ni wa kisemiotiki. Wapo wanaopendelea elimu ya ishara, nami sina neno nao. Ni jina linaloeleweka na msomaji yeyote, ila halitupatii kwa urahisi maneno ya kuzalisha kama hayo mawili. Kwa hiyo ningeomba dawati la uhariri lichague jina moja la fani na kulishikilia, na pale mwandishi anapokusudia kusema kwamba kitu fulani ni ishara, dalili, alama au nembo, mumwachie neno hilo hilo bila kulibadilisha.

Msomaji wako